Mate ya Petrona

Petrona alikaa na kijiti cha kuchukulia mate tangu majani ya miti hayajaanza kupukutika mpaka baridi ikatuingia mifupani, na kila Jumapili alimwambia mama yake kwa simu kwamba posta ya Uingereza imegoma. Mimi waongo nawajua, nimeishi nao, na Petrona si mmoja wao. Ndiyo maana nilitambua kwamba jambo lenyewe limemzidi nguvu.

Tulikuwa tukifanya kazi pamoja Tyseley, kwenye kiwanda cha kufua mashuka ya mahoteli. Sisi wawili tulikuwa wa mashine ya pasi, dude refu la moto ambalo linataka watu wawili: mmoja huku, mmoja kule, kila mtu anashika pembe yake, mnalikung'uta shuka, mnalinyoosha, mnaliingiza. Ukiwa na mwenzio mwepesi, siku inakwenda. Ukiwa na mzito, unarudi nyumbani mabega yamekufa. Niliwahi kupangiwa mzito, Mungu amsamehe popote alipo, kwa hiyo nilipopewa Petrona nilisema alhamdulillahi. Mfupi, ananifikia kwapani, mikono ya haraka, maneno hana. Maneno nilikuwa nayo mimi ya kututosha sote wawili.

Tulizungumza Kiingereza cha pale kiwandani, ambacho si cha mfalme wala si cha mtu yeyote. Chake kilichanganyika na Kihispania, changu na Kiunguja. Hapa namwandika kwa Kiswahili kilichonyooka, maana nikimwandika kama alivyosema mtamcheka, na yeye si mtu wa kuchekwa.

Kabila lake ni Mkiche. Wazungu wanawaita Wamaya, wao na makabila mengine chungu nzima ya milima ya Guatemala, kama mtu anavyotuita sisi sote Waafrika akadhani amemaliza kazi. Nilipomwona mara ya kwanza nilimdhania Mfilipino. Barwako, Msomali aliyekulia Nairobi, ambaye hukunja taulo meza ya pili, alimdhania Mnepali. Yeye mwenyewe alinidhania mimi Mjamaika, basi tukawa hatudaiani.

Habari za vita alinipa kidogo kidogo, shuka kwa shuka, kwa sauti ile ile anayoulizia saa. Mwaka themanini na mbili jeshi la serikali lilipanda kwenye milima yao likitafuta wapiganaji wa msituni, na kwa kuwa wapiganaji hawakuonekana, likawaua waliokuwa wakionekana. Vijiji vilichomwa. Mahindi yalifyekwa yakiwa mabichi ili watu wafe njaa. Petrona alikuwa mtoto wa kubebwa mgongoni. Mama yake alikimbia naye juu mlimani, na huko wakaishi miaka, wanawake na watoto na wazee wachache. Mchana hawakuwasha moto kwa sababu ya moshi, na wakisikia helikopta walilala kifudifudi. Mwisho wakavuka mpaka wakaingia Meksiko, wakawekwa kambini, na Kihispania alifundishwa na masista wa kambi. Alipokuwa mtu mzima alishona jinzi kiwandani, akaenda Hispania kuogesha wazee wa watu, akapata pasipoti ya huko, na kabla Uingereza haijajitoa Ulaya na kufunga mlango akaja Birmingham kwa sababu mtu mmoja alimwambia huku kuna kazi. Mtu huyo alikuwa mumewe. Sasa yuko Leeds na mwanamke mwingine, na hilo nalo alilisimulia kama habari ya basi lililochelewa.

Mama yake, bibi Tona, alikuwa bado hai. Amani iliposainiwa alirudi kijijini, akajenga upya, akafuga kuku. Petrona hakuwa na mtoto wala ndugu, na mume ndio kama mlivyosikia. Huyo bibi ndiye aliyekuwa mtu wake pekee katika dunia hii.

"Mimi nina mama," aliwahi kuniambia. "Basi siwezi kusema sina mtu."

Jumapili moja bibi Tona akampa habari. Nyuma ya kambi ya zamani ya jeshi wamekuja watu wa mifupa, ndivyo anavyowaita wataalamu wanaofukua makaburi ya vita, na wamefungua shimo. Lilikuwa shimo la wanawake peke yao. Sasa wanataka mate ya jamaa za waliopotea, wayalinganishe na mifupa, kila maiti ipate jina na irudishwe kwao izikwe. Toa na wewe, bibi akamwambia. Petrona hakuuliza kitu. Kule kwao kila mtu ana mtu shimoni, na alidhani mate yakiwa mengi ndiyo kazi inakwenda vizuri. Msichana mmoja wa Guatemala anayesoma chuo kikuu hapa mjini akamletea kile kipaketi: kijiti chenye pamba kichwani, na bahasha. Unakisugua ndani ya shavu, unakirudisha kwenye bahasha, basi. Alikusudia kufanya Jumamosi akiwa na nafasi.

Ijumaa yake ndipo alipokuja Raisa.

Raisa ni mtoto wa mdogo wangu. Mdogo wangu alimzaa hapa hapa Birmingham, kisha akaposwa tena Unguja, na bwana mpya hakutaka mtoto wa mtu nyumbani kwake. Nilimchukua hajaota meno. Sasa anasomea unesi. Mimi ni mama yake mkubwa, na mimi ni mama yake, na kwetu hayo si mambo mawili. Watu wote wananiita Mama Raisa. Kiwandani nao wakalidaka hilo hilo, na msimamizi wetu Inderpal akaliandika kwenye ubao wa zamu kwa neno moja, Mamaraisa, akiamini ndilo jina nililopewa na wazazi wangu.

Raisa alikuwa amepoteza ufunguo wa nyumba. Akaingia mpaka kwenye chumba cha chai, sisi tumekaa tunakula, akamwuliza Inderpal.

"I'm looking for my auntie. Thuwaiba."

Inderpal akatikisa kichwa. Hapa hakuna Thuwaiba.

"Niko hapa, mwanangu!" nikapaza sauti. Inderpal akageuka, akasema huyo si Thuwaiba, huyo ni Mamaraisa.

"I'm Raisa," mtoto akasema, anacheka. "She's my auntie. But she's my mum. Don't ask."

Chumba kizima kikaangua kicheko, Inderpal akafuta jina langu ubaoni na kuliandika upya, akakosea tena. Ufunguo nikautoa, mtoto akaenda zake. Tuliporudi kwenye mashine, Petrona hakushika shuka.

"Yule si mtoto wako?"

"Wangu."

"Amesema wewe auntie yake."

"Amesema kwa Kiingereza."

"Umemzaa?"

Hapo ndipo ningefunga mdomo, lakini mdomo wangu hauna breki. Nikampa darasa zima. Nikamwambia kwetu dada wa mama ni mama, mke wa baba mdogo ni mama, aliyekunyonyesha ni mama, na mimi mwenyewe nimepewa jina la mwanamke aliyemnyonyesha Mtume. Muuza nyanya ni mama. Mwanamke usiyemjua kabisa, ukimkanyaga sokoni, unasema samahani mama. Kiingereza maskini kina mama mmoja tu, akifa huyo hakuna mwingine.

"Na kwetu," Petrona akasema polepole. "Sisi tunasema *nan*. Kule mlimani kila mwanamke alikuwa *nan*. Aliyetugawia mahindi, aliyetupiga makofi tukipiga kelele, wote."

"Si unaona!" Nilifurahi sana.

"Kambini sista aliniuliza kwa Kihispania, huyu aliyekushika mkono ni mama yako? Nikasema ndiyo, huyu *nan*."

Alikuwa ameshika pembe ya shuka na lililobaki liko sakafuni. Inderpal akapiga mluzi kutoka mwisho wa chumba. Petrona hakumsikia.

"Mama Raisa, shimo ni la wanawake peke yao. Mama yangu yuko hai. Hana dada. Bibi zangu walikufa kwa maradhi kabla ya vita. Mimi nina nani mle?"

Nilitamani niyarudishe maneno yangu yote kinywani, hata lile la muuza nyanya. Tukalishika shuka tukaliingiza, likatoka limepinda, tukalirudia.

Jumamosi hakusugua shavu. Kipaketi akakiweka ndani ya sufuria kubwa asiyoitumia, akaifunika, akaipandisha juu ya kabati. Na Jumapili, bibi alipouliza kama mate yameshatumwa, ndipo posta ilipoanza kugoma.

Kwa nini hakumwuliza bibi mwenyewe? Nilimwambia hivyo, na jibu lake lilikuwa fupi. "Nikiuliza atajibu." Aliogopa jibu. Mate nayo yalikuwa jibu, tena la watu wa maabara, halina huruma wala halizunguki. Akiyatuma na yakalingana na mmoja wa wale wanawake, bibi Tona si mama yake tena, na yeye amebaki peke yake kama kidole. Asipoyatuma, yule mwanamke, kama yupo, ataendelea kukaa kwenye boksi la karatasi rafuni, huko mji mkuu, ana namba badala ya jina.

Mimi nilikuwa upande wa bibi Tona, na sikumung'unya maneno. Usitume, nilimwambia. Mtu amekubeba mgongoni huku anawindwa, amekulisha alicholinyima tumbo lake, leo ukampime kwa pamba ya masikio? Ikiwa ni hivyo basi na mimi Raisa atanipima kesho. Nilisema kwa hasira, na hasira yenyewe haikuwa ya Petrona peke yake. Mdogo wangu alikuwa ameanza siku zile kumpigia Raisa simu kila mara, kumwita binti yangu, binti yangu, na mimi nilikuwa nikipika jikoni nasikia. Yaliniuma.

Barwako ndiye aliyeniharibia. Tulikuwa chumba cha chai, mimi nahutubia, Petrona anakula mkate wake wa mayai kimya.

"Wacha nikwambie kitu, Mama Raisa," Barwako akasema. "Huyo mwenye ako kwa shimo pia alimbeba. Kwa tumbo. Ama hiyo haihesabiwi?"

"Hatujui kama alimbeba."

"Ndiyo atume ajue! Ati bibi alimlea. Sawa, Mungu ampe afya. Lakini sisi watu wa Kismayu hatujui wetu walizikwa wapi. Ndugu yangu Sahal, walai, hata ningepewa kidole kimoja ningeshukuru. Huyu wake amepatikana, ako kwa boksi, anangoja tu. Na mtu ako na mate kwa mdomo, anakulia sandwich."

Petrona hakuelewa Kiswahili, ila alisikia sandwich na akaona uso wa Barwako. Akauliza amesema nini. Barwako akamwambia kwa Kiingereza, kwa ufupi, bila kumpaka mafuta: anakungoja wewe.

Petrona akauweka mkate mezani. Alikaa nao hivyo mpaka kengele.

Kesho yake alikuja na kipaketi. Akakifungulia pale pale chumba cha chai, akaingiza kijiti shavuni, akasugua upande mmoja, akasugua wa pili, macho ameyaelekeza ukutani. Barwako alimshikia bahasha.

"Nikikataa," aliniambia baadaye, "nitakuwa nimemwacha mtu shimoni ili mimi nibaki na mama. Hiyo sitaweza kuila nikashiba."

Nilimnunia Barwako wiki nzima. Yeye wala hakujua kama amenuniwa, na hilo nalo lilinikera.

Majibu yalichukua muda wake. Baridi ilikwisha, Raisa akaanza mafunzo ya hospitali, mashine ya pasi ikaharibika, ikatengenezwa. Kila Jumapili Petrona na bibi Tona waliongea kama zamani, habari za kuku, habari za magoti, na hakuna aliyeligusa lile jambo. Petrona alinona kidogo. Nikaanza kudhani watu wa mifupa wametusahau.

Halafu asubuhi moja alikuja, akafunga aproni, akashika pembe yake, akasema, "Ni mama."

"Nani?"

"Wa shimoni. Anaitwa Engracia. Alikuwa wa umri wa Raisa."

Tulipiga pasi mashuka mengi siku ile. Nilitaka kumwambia pole, na sikujua nampa pole ya kufiwa na nani. Mama aliyekufa miaka arobaini na ushei nyuma hakumjua. Mama aliyemjua yuko hai na kuku wake. Nikamwachia nusu ya chakula changu, ndilo nililoweza.

Jumapili hakupiga simu kwao. Iliyofuata vile vile. Sasa bibi ndiye akawa anapiga, na Petrona anaitazama simu inavyolia mpaka inyamaze. Bibi keshajua, alisema, watu wa mifupa walimwendea yeye kwanza.

"Basi pokea!"

"Anapiga ili aniage, Mama Raisa. Amenilea kwa niaba. Sasa mwenyewe amepatikana."

"Nani kakwambia?"

Hakuna aliyemwambia. Alikuwa amejitungia mwenyewe na kujihukumu, na mimi uvumilivu ukaniishia. Jumapili ya baada yake nilikaanga maandazi, nikapanda basi mpaka kwa Petrona, Winson Green. Amepanga chumba cha juu kwenye nyumba moja ya zile za mstari, zilizoshikana ukuta kwa ukuta, na dirisha lake linatazama ukuta wa jela. Chini kwenye njia wake za wafungwa walikuwa wakipita na watoto, wamevaa vizuri kwa ajili ya kwenda kuona waume. Nikavua viatu, nikakaa kitandani maana kiti hana.

"Piga."

"Sipigi."

"Basi nitapiga mimi, na lugha yenu siijui. Nitamwambia habari za asubuhi kwa Kiunguja, tufedheheke sote."

Nikaichukua simu kweli, nikaibonyeza kwenye jina. Ikaita kwa video. Kikatokea kidole gumba cha mtu, kisha dari la mabati, kisha bibi Tona. Kule ilikuwa bado asubuhi. Mwanamke mdogo, amekauka, nywele nyeusi tii kuliko zangu za dawa, amevaa blauzi nyekundu ya kufumwa. Alinitazama mimi, mtu asiyemjua, mwenye mtandio, akainamisha kichwa kunisalimu. Nikainamisha na mimi. Kisha nikamsukumia Petrona simu na kukaa naye bega kwa bega asije akakimbia.

Bibi akasema neno moja na maneno mengine mawili. Uso wa Petrona ukafa.

"Amesemaje?"

"Ameniita *nan*."

"Si ndivyo mnavyoitana?"

"Mimi hakuwahi. Mimi aliniita mwanangu. *Nan* ni wa wanawake wa watu. Ananiamkia kama mgeni aliyekuja kununua mayai."

Nilitamani kuizima. Lakini bibi alikuwa ameshaanza kusema, na alisema kwa muda mrefu, bila kupandisha sauti, akisimama mahali fulani fulani ili Petrona apate nafasi. Nadhani aliona kwamba nipo na nasikiliza. Petrona akanitafsiria kipande kwa kipande, kwa ile sauti yake ya kuulizia saa, na mimi naandika kama nilivyopewa.

Engracia alikuwa jirani yake. Askari walipoingia kijijini walitaka wanawake vijana waende kambini kuwasagia mahindi na kuwapikia. Halikuwa ombi. Engracia akamwachia Tona mtoto wake, akasema atarudi jioni. Hakurudi, wala wenzake hawakurudi. Baada ya siku chache kijiji kikachomwa, na Tona akapanda mlimani na watoto wawili, mmoja mgongoni, mmoja kifuani, wa umri mmoja, akiwanyonyesha wote. Wa Engracia na wake.

Petrona akanigeukia.

"Amesema mtoto wake aliitwa Petrona."

Huyo Petrona wa kwanza alishikwa na kifaduro, kikohozi kile cha watoto kinachovuta pumzi kwa mlio. Siku moja askari walikuwa wakipita kwenye njia ya chini, na watu wote wamejilaza kwenye majani, na mtoto akaanza kukohoa. Hakuna aliyesema kitu. Wanawake wote walimtazama Tona. Akamwekea mtoto shali mdomoni. Askari walikuwa wengi, walichukua muda kupita. Walipokwisha akaitoa shali.

Hawakuchimba kaburi, kwa sababu jembe lina sauti. Walimfunika kwa majani na magogo, wakahama saa ile ile. Alipokuja kurudi miaka baadaye mlima ulikuwa umeota miti mingine, na hakupaona tena.

Bibi hakulia. Alikuwa akisimulia huku akimfukuza kuku asipande juu ya meza.

"Kambini sista aliuliza mtoto anaitwa nani," Petrona akatafsiri. "Mdomo wangu ukasema Petrona. Nilikuwa sijamaliza kumwita."

Mimi nililia, na sioni haya kulisema. Petrona hakulia. Alikuwa ameikazia simu macho kama mtu anayesoma dawa kabla ya kuinywa.

Kisha bibi akafika kwenye haja yake. Wataletewa sanduku la Engracia, alisema, na watu wa mifupa wamemwambia mifupa iliyobaki ni michache. Sanduku ni la mtu mzima. Ndani yake mna nafasi. Mtoto wake yeye hana hata mfupa mmoja, kilichobaki ni jina tu, na hilo jina analo huyu wa Birmingham. Amezeeka, hajui kama atauona mwaka ujao. Anaomba arudishiwe, aliandike kwenye sanduku pamoja na la Engracia, amzike mwanawe.

Mimi niliyejitia kuwa upande wa bibi Tona, niliyemgombea miezi yote ile asinyang'anywe mtoto, sikuwa nikijua hata chembe anataka nini. Kumbe mate aliyataka yeye kuliko mtu yeyote. Alikuwa na maiti yake ya kuzika, na hakuwa na pa kuanzia.

Petrona akauliza kitu kifupi. Bibi akajibu neno moja.

"Nimemwuliza, na mimi je? Amesema Talin. Ndivyo Engracia alivyokuwa akiniita." Akalirudia, Talin, mara mbili tatu, kama mtu anayejaribu kiatu dukani. "Silikumbuki. Halinifanyi kitu."

"Hulazimiki kumjibu leo," nikamwambia.

Chini mtoto mmoja alikuwa akilia kwamba hataki kwenda kwa baba, na mama yake anamburuta. Kisha Petrona akasema neno, tena neno dogo, na bibi Tona upande wa pili akaziba uso kwa viganja vyote viwili, simu ikayumba, tukaona dari, tukaona kuku.

"Nimemwambia alichukue," Petrona akasema.

Alipoonekana tena bibi alikuwa amelowa uso wote. Hapo ndipo alipomlilia mtoto wake, mbele yetu, na sisi tukamwachia alie, hatukumkatiza. Alipotulia akajifuta kwa ncha ya blauzi, akasogea karibu kabisa na simu, akasema maneno machache. Petrona aliibana simu kifuani.

"Amesemaje?"

Hakunitafsiria. Alitikisa kichwa tu. Nikaona pale hapanihusu tena, nikamwachia maandazi, nikavaa viatu vyangu ngazini. Nilipokuwa nikishuka niliwasikia wote wawili wanasema kwa pamoja.

Jumatatu alikuja kazini kama siku zote, akafunga aproni. Barwako akamwuliza sasa tumwite nani, maana nilikuwa nimeshamwambia. Akainua mabega, akasema mwite unavyopenda, mshahara unaingia kwa jina la Petrona. Tukaanza kazi. Mimi nilijizuia mpaka mashine ikapata moto, na huko kwangu ni kujizuia kukubwa.

"Yule bibi, lile la mwisho. Alisema nini?"

Alilikung'uta shuka kwanza. Akalinyoosha upande wake, akaningojea ninyooshe wangu.

"Alisema, Petrona namzika. Talin ni la Engracia kukuita, si langu. Mimi sina tena jina la kukuita, nimebakiwa na neno mwanangu tu, kama utaitika."

"Ukaitika?"

"Nikaitika."